Chungu Kimoja cha Mapacha

Kulwa alianza kunuka tope. Mama yake, Odeta, alimwogesha asubuhi, akamwogesha tena mchana, na bado mtoto alinuka lile tope jeusi la chini ya ziwa. Pacha wake, Doto, aliyelala naye kitanda kimoja, hakunuka kitu.

Jioni sauti ya mtoto ikatoka chumba cha nje. "Kulwa. Kulwa." Kulwa aliacha kula, akaitika abee, akataka kwenda. Odeta alimshika, akafungua chumba yeye mwenyewe. Kilikuwa kitupu.

Chumba hicho alikuwa amempangisha Dakta Venant, mtafiti wa mambo ya kale, aliyefukua chungu ufukweni hapa Busisi, akakihifadhi humo, kisha akakipeleka Dar. Vyungu vilikuwa viwili, vimezikwa ubavu kwa ubavu. Cha pili kilikuwa na ufa, akakirudishia udongo. Hivi msomi mzima anakuta vyungu viwili vimelazwa pamoja kando ya maji, Usukumani, asiulize hata jirani?

Mganga Nkwabi, aliyeitwa na Odeta, aliishia mlangoni mwa chumba kile.

"Wale wa kwenye vyungu ni mapacha waliokufa wachanga," alinong'ona. "Zamani tuliwazika hivyo. Kulwa wao, yule wa kwanza kuzaliwa, kachukuliwa; Doto wao, yule wa pili, anamtafuta. Chungu kirudi, mama, la sivyo atambeba wa kwako."

Odeta alimfuata Venant kwenye mashimo yake ya ufukweni.

"Kirudishe, Daktari."

"Mama Kulwa, jamii ilishirikishwa. Hata wewe ulikuwepo mkutanoni."

"Ulitupa soda, ukatupiga picha. Swali ulituuliza lipi?"

Venant alitazama chini. Akasema taratibu kwamba chungu kilishasagwa ili kipimwe umri, pamoja na vile vimifupa vilivyokuwemo. Kumbe alijua ni mtoto. Alijua, akafunga mdomo, akaendelea kuchimba.

Odeta alirudi mbio, na kabla hajafika uani ile harufu ya tope ikamjaa puani, na sauti ile iliyokuwa ikiita sasa ilikuwa inacheka, ikicheka na sauti nyingine aliyoijua tangu siku aliyoizaa, na mlango wa chumba cha nje ulikuwa wazi, na Kulwa amekaa sakafuni, nywele zinachuruzika maji, akitazama pembe isiyo na mtu.

Doto alikuwa anamvuta mkono, analia. "Kulwa, twende tukale."

Kulwa aliutoa mkono ule.

"Niache. Mimi nina Doto wangu."