Kiganja Kilichooshwa

Ilianza na harufu ya gundi. Chumba cha fundi viatu kilikuwa kimefungwa tangu alipouawa humo na makopo yote yalishatupwa, lakini mchana ule mjane wake akikunja nguo aliisikia, kali, kama kopo limefunguliwa sasa hivi. Kisha nyundo ikagonga nyuma ya mlango, taratibu.

Alifungua. Hakukuwa na mtu. Ila ukutani palikuwa na kiganja cha damu mbichi, kipana, kidole cha shahada kikiwa nusu, kama kilichokatwa.

Alikijua. Siku ya mauaji kilikuwa palepale ukutani, na askari wa kwanza kufika alimwambia aoshe chumba, wafiwa wasije wakaona vile. Akaosha huku analia, majirani wakimsaidia kupiga deki. Wapelelezi walipofika walikuta ukuta unang'aa. Mteja mmoja mwenye kidole kama hicho alikamatwa, akaachiwa. Neno la mjane peke yake, aliambiwa, halitoshi.

Safari hii hakugusa kitu. Alimwita mpelelezi, naye akapiga picha kwa simu, akapiga tena.

"Nakiona, mama," alinong'ona. "Simu ndiyo haikioni."

Aliondoka bila kuaga, na tangu hapo hakupokea simu za mjane.

Nyundo ikazidi. Ikagonga chini ya vitanda, ikagonga ndani ya kuta, watoto wakawa hawali wala hawatoki kwenye mapaja ya bibi yao, mpaka bibi huyo, mama mzazi wa marehemu, akamleta mganga, naye akafukiza chumba kizima, akasoma na kupuliza huku moshi ukijaa na gundi ikinuka kuushinda moshi, hadi mjane akaanguka na sauti nzito ya mumewe ikatoka kinywani mwake.

"Mlikiosha. Nimekirudisha. Mnanifukuzia nini?"

Mganga alikazana kusoma. Nyundo ikagonga, ikafifia, ikanyamaza. Kiganja kikakauka, kikapukutika kama rangi kuukuu.

Mjane alipozinduka, ukuta ulikuwa mweupe. Alinusa huku na huku, akapata moshi tu.

Mama mkwe alimshika mganga mkono, akamuuliza kwa sauti ya chini kama mwanawe atarudi tena.

Mganga alitabasamu, akidhani anamtoa hofu.

"Hatarudi kamwe, mama."

Bibi akakaa chini palepale sakafuni, akajifunika uso kwa kanga.