Mtoto wa Ukutani

Kitambaa kilikuwa kimelowa.

Dianora alikigusa tena. Kilikuwa rangi tu juu ya ubao, kitambaa cheupe kilichofunika macho ya Mungu wa Mapenzi, katoto kenye mbawa na upinde. Hata hivyo kidole chake kilirudi na majimaji ya chumvi, kama machozi.

"Rangi haijakauka," alisema Bindo, mumewe, mtu asiyekosa jibu.

"Ina mwaka ukutani!"

"Basi ni unyevu wa mto. Usianze, mke wangu."

Wanawake wa mji wa Firenze waliokuja kumpa hongera za uzazi waliusifu ubao ule. "Shoga, wako wa ukutani anawashinda wangu walio hai!" alicheka mmoja. Dianora alicheka naye, uso ukimwaka. Hakuna aliyejua kwamba alikuwa amempa mchoraji sura ya plasta iliyochukuliwa usoni mwa maiti ya Nuto, mwanawe wa kwanza. Macho yalikuwa yamefumbwa; mchoraji akayafunga kitambaa, na wasomi wakaiita hekima, eti mapenzi ni kipofu.

Nuto alipelekwa mashambani Mugello kwa mama wa kunyonyesha akiwa mchanga kabisa, kama watoto wote wa watu wa heshima. Alirudi amekufa. Sasa alikuwapo Bice, kichanga cha pili, naye mnyonyeshaji wake alikuwa njiani kuja kumchukua.

Mchana ule harufu ya maziwa yaliyochacha ilijaa chumbani, kisha mbawa zikapapatika kama za kuku aliyefunikwa kapu, na Dianora alipoinamia kitanda cha mtoto akaona mashavu ya Bice yamebonyea, midomo imekuwa ya buluu, na kifua chake kidogo kikipanda na kushuka kwa shida kana kwamba kuna mwenzake amemlalia juu, akiivuta ile pumzi kabla yeye hajaipata.

Padri Anselmo alikuja mbio, Bindo nyuma yake, na Dianora akawaambia sura ya ukutani ilikuwa ya nani. Aliomba, akanyunyiza maji, mwisho akakata tamaa.

"Mfukuze wewe, mama. Pepo wa mtoto hutii sauti ya mzazi wake."

"Nuto," alinong'ona Dianora. "Nuto, mwanangu, toka."

Mbawa hazikutulia hata kidogo.

"Hakujui," alisema padri.

"Mtoto gani asiyemjua mama yake?" alifoka Bindo.

"Yule tuliyempeleka Mugello kabla kitovu hakijadondoka," alijibu Dianora. Akamnyanyua Bice, akaketi chini ya ubao, akaanza kufungua kamba za gauni mbele ya wanaume wote wawili.

"Jifunike! Watu watasema tumefilisika, mke wangu ananyonyesha kama mkulima!"

"Waseme."

Bice alilishika titi la kulia, akavuta, rangi ikamrudia. Padri aligeukia dirisha. Chumba kikatulia.

Kisha titi la kushoto, lililokuwa wazi, bila mtu, likashikwa na kinywa baridi kisicho na meno, kikanyonya kwa pupa ya mwenye njaa ya siku nyingi.

Dianora alimjua. Aliinamisha uso kwa aibu, akasogeza mkono wake wa kushoto ukae kama unaobeba mtoto.