Chupa ya Mama Mwantumu

Kivunahofu hakikupiga kelele kilipowashwa. Kilikuwa taji jembamba la nyuzi za fedha, limekaa juu ya nywele za Mashavu Shekiondo kama kitu cha harusi, na waya mmoja ukishuka hadi kwenye chupa ndogo iliyokuwa mezani.

"Fikiria kile kisima," alisema mhandisi Mnzava.

Mashavu alifumba macho. Akakiona kisima cha uani kwa bibi yake, Ngamiani, kilichofunikwa kwa bati, ambamo mtoto wa jirani alitumbukia siku ya Idi akiwa na viatu vipya. Viganja vyake vikalowa jasho. Ndivyo alivyokuwa tangu utotoni: akiogopa, mikono inalowa kwanza, moyo unafuata. Nyuzi za taji zikageuka rangi ya wino, na mwanga ukaanza kudondoka chupani, tone baada ya tone, mpaka chupa ikajaa.

"Haya. Kifikirie tena."

Akakifikiria. Bati alilikumbuka, na kiatu kimoja kilichobaki juu pia alikikumbuka. Lakini viganja vilikuwa vikavu kabisa. Mashavu akaangua kicheko.

"Jamani! Imekwenda wapi?"

"Chupani," alijibu Mnzava, naye akitabasamu. "Kumbukumbu nimekuachia. Hofu nimeing'oa na mzizi wake."

Hivyo ndivyo ilivyoanza kazi iliyompa Mashavu jina Tanga nzima na mbali zaidi. Yeye mwenyewe aliandika filamu zake za kutisha na kuziongoza, na watazamaji walivaa ushungi wa hisia, kitambaa chepesi chenye nyuzi kama zile za taji. Picha ilipofika mahali pake, hofu ya chupani iligawiwa ukumbi mzima. Mtu hakuwa anatazama tena mwanamke anayeogopa kisima. Alikiogopa mwenyewe, kama aliyelelewa kando yake. Tanga ya siku zile ilikuwa na mashine kwa kila jambo. Maroboti yalifagia barabara za Ngamiani na kupeleka watoto shule. Hata kahawa ilikuwa na roboti yake, ingawa hiyo ilikosa wateja, maana nani anywe kahawa bila umbea?

Babu yake Mashavu alikuwa mtafsiri wa sinema katika kibanda umiza, yale mabanda ya video ya zamani ambamo watu walibanana kwenye mabenchi, naye akashika kipaza sauti akiwaeleza kwa Kiswahili kila kinachotokea na kuongeza chumvi yake. Kutoka kwa mzee huyo Mashavu alirithi mambo mawili. La kwanza, kwenye kumbi zake hapakuwa na viti vya mmoja mmoja. Watu walikaa mabenchini, na aliyeogopa aliruhusiwa kumshika mkono jirani yake hata kama hamjui, bila kuomba radhi. La pili lilikuwa kanuni ya kazi: usimtishe mtu kwa jambo ambalo halijakutisha wewe.

Kanuni hiyo ndiyo iliyommaliza.

Waongozaji wenzake walinunua hofu. Madalali walijaa mjini, na vijana waliuza hofu ya nyoka au ya mitihani, mradi mtu apate ya kula. Mashavu alikataa. "Hofu ya kununua ni mtumba," aliwaambia. "Itakutosha, lakini bega lilikatwa kwa mwili wa mwingine." Basi filamu ya pili ilichukua hofu yake ya giza, na ya tatu hofu ya wafu. Ya nne ilichukua hofu ya kuchekwa, na tangu hapo akawa anavaa atakavyo na kusema atakavyo. Mtaani wakamwonea gere. "Mwenzetu anaogopa nini tena?" walisema. "Hata mkwewe angekuwepo, asingemwogopa!"

Siku ya filamu ya tano hakubaki na kitu. Hadithi ilikuwa imeandikwa yote isipokuwa mwisho, na studio ilishatangaza tarehe. Akakaa chini ya taji, Mnzava akampitisha kila mahali: moto, maji mengi, wezi, upweke. Nyuzi zikabaki na rangi ya fedha.

"Umekauka, Mashavu," alisema mhandisi. "Nunua moja tu. Hakuna atakayejua."

"Mimi nitajua." Akaliweka taji sawa kichwani. "Ipo moja."

Mnzava alijua ni ipi. Tanga nzima ilijua. Binti wa pekee wa Mashavu, Mwantumu, alizaliwa na selimundu, ule ugonjwa wa damu wa kurithi. Dawa za wakati ule zilikuwa nzuri kuliko za zamani, lakini mtoto bado alitakiwa kunywa maji kila mara na kujikinga na baridi, la sivyo maumivu yangemwangusha. Mashavu alikuwa akimpigia simu hata katikati ya kurekodi, waigizaji wamesimama na damu zao za bandia zikikauka. "Umekunywa maji?" Hakukuwa na salamu, ni hilo tu. Mtoto akilazwa, mama alifika hospitali mbio na kandambili za rangi mbili, khanga ameivaa nje ndani.

"Hiyo usiiguse," alisema Mnzava.

"Nitampenda vilevile, kaka. Mapenzi na hofu ni vitu viwili."

"Labda. Mashine yangu inajua kung'oa. Haijui mizizi ya hii na ile imekumbatiana wapi." Akaegemea meza. "Na ukijuta sina la kukusaidia. Hofu ya chupani huota kwa mtu mwenye udongo wake. Kwako palishang'olewa, haioti tena."

"Miaka kumi na sita silali vizuri," alisema Mashavu polepole. "Unajua hilo? Niache nipumzike, na watu wapate filamu."

Nyuzi zikawa nyeusi, na Mnzava alilazimika kuleta chupa ya pili.

Filamu ilipotoka, watu walipanga foleni mpaka barabara ya pili. Wanaume wazima walitoka ukumbini wakipiga simu nyumbani kuuliza watoto wamelala wapi. Mashavu alipewa tuzo, akaalikwa kila shughuli, na nyumba yake ikajaa wageni, sinia za pilau zikiingia na kutoka.

Mwantumu ndiye aliyegundua kwanza. Simu za mama zilikoma. Hakuwa amekasirika, alikuwa mchangamfu, anampikia, anamnunulia nguo. Alipoulizwa kuhusu safari ya shule kwenda Lushoto, kwenye baridi, alisema, "Nenda mwanangu, ukafurahi." Zamani safari kama ile ingezua kesi. Mwantumu alifungasha sweta mwenyewe, kisha akalitoa na kuliacha kitandani, juu kabisa, mahali ambapo mama hangekosa kuliona. Mashavu aliliona. Akalikunja vizuri, akalirudisha kabatini.

Binti alirudishwa kutoka Lushoto kwa gari la wagonjwa, anauma meno kwa maumivu. Hospitali walimpigia mama yake mchana, yumo kwenye mahojiano.

"Madaktari wapo?" aliuliza Mashavu. "Basi sawa. Namaliza hapa, nakuja."

Bi Mwanjaa, jirani mwenye ulimi usiolala, alikuwa wodini kabla yake, na ndiye aliyeleta habari mtaani. "Nawaambia alikuja amepiga pasi! Wanja, viatu sare, mkoba sare. Akambusu mtoto, akakaa, akauliza chakula cha hapa kikoje. Mtoto anamtazama mama yake kama anayetazama mgeni wa heshima. Mimi nikatoka nje, machozi hayo."

Mwantumu alipona. Lakini akaanza kuchelewa kurudi kutoka shule, na mama hakuuliza. Ilimchukua Bi Mwanjaa kuja kusimama mlangoni, mikono kiunoni.

"Mama Mwantumu, mwanao yuko wapi saa hizi?"

"Kwa marafiki, nadhani."

"Unadhani! Yuko ukumbini kwako, kwenye filamu yako hiyohiyo. Mkata tiketi anasema anakuja kila wiki. Mwenyewe nimemwona, hata picha hatazami. Anavaa ushungi, anafumba macho, analia."

Mashavu alitia maji kwenye kikombe kilichokuwa karibu, akashika njia kwenda ukumbini. Hakukimbia. Alijua kwamba mama mwingine angekimbia, na kulijua hilo hakukuiongezea miguu yake kitu.

Onyesho la alasiri lilikuwa limejaa. Akampata binti yake kwenye benchi la katikati, kando ya mwanamke mnene asiyemfahamu. Akapenya, akakaa upande wa pili.

"Mama?" Mwantumu alifumbua macho. "Umenitafuta?"

"Bi Mwanjaa kaniambia uko hapa."

"Aa." Uso uliokuwa umeanza kufunguka ukafunga. Kisha akasema, kwa sauti ya chini, "Nakuja kukusikia. Humu bado unaniogopea."

Mashavu alichukua ushungi uliokuwa benchini akauvaa. Kwenye pazia, mama wa hadithi aliinama kutega sikio kifuani kwa mtoto wake aliyelala. Ukumbi mzima ukavuta pumzi kwa pamoja. Mzee wa mbele akamkamata jirani yake. Mtu akasema "Ewe Mola" kwa sauti iliyokatika. Mashavu alisubiri. Aliyaona macho ya mwigizaji, akaona mwanga umewekwa mahali pake, akaona kazi nzuri. Zaidi ya hapo hakupata kitu.

Akauvua. Akamgeukia binti yake na kumnyooshea kikombe alichokibeba njia nzima. Aliikumbuka sauti, alikumbuka hata mahali pa kupandisha na kushusha.

"Umekunywa maji?"

Mwantumu alikipokea. Alikuwa mtoto wa mwongozaji. Alikulia miongoni mwa waigizaji, na alijua anachokisikia.

"Umeisema vizuri, mama," alimjibu kwa upole, akanywa yote.

Picha ilipofika mwisho, watu walishikana mikono kama desturi ya ukumbi ule. Mwantumu alishika kiganja cha mama yake, kikavu, baridi kidogo, na hakukiachia. Mkono wake mwingine aliupeleka kwa yule mwanamke mgeni, ambaye alimkamata kwa nguvu kama anayemvuta kutoka kisimani. Kiganja kile kilikuwa kimelowa chapachapa.