Daftari la Getini

Haya sikuyasikia mtaani. Rebeka wa Pasiansi, rafiki yangu, alinisimulia mwenyewe kwa simu, kwa sauti ya chini.

Mchana ule alipanda kwenye ngome ya mawe juu ya ziwa, zinakolindwa na kurekebishwa saa za mji mzima, apeleke saa ya kwaya iliyokuwa ikichelewa. Ndala yake ya kushoto ilikuwa imelegea, kila hatua pwata, pwata. Getini alimwamkia mlinzi mzee, akaandika jina kwenye daftari la wageni, akaingia.

Ndani giza tupu, na saa zinagonga kama mvua juu ya bati. Aliiacha ile saa mezani, akarudi mbio.

"Nifungulie, baba, nitoke."

Mzee akafunua daftari kwenye kidirisha cha geti, penye mwanga. "Mbona umeshatoka, mama? Umesaini."

Sahihi ilikuwa yake, wino haujakauka.

"Si mimi huyu hapa?"

"Aliyekwisha kutoka simfungulii tena," mzee akasema kwa upole, akafunga daftari.

Rebeka aligonga geti mpaka viganja vikauma. Alipoacha kugonga, akasikia mtu nje akiteremka kwenda Pasiansi: pwata, pwata, pwata.

Akainama gizani, akapapasa miguu yake. Alikuwa peku.