Kengele ya Kona ya Kisima

"Bibi harusi kapanda riksho."

Sauti ilitoka kwenye kidude kidogo kuliko punje ya mahindi, kilichofichwa ndani ya sikio la kushoto.

"Riksho ipi?" Nukta aliuliza bila kutikisa midomo.

"Ndiyo kazi yako hiyo, mwanangu. Ziko sita. Toa ya kwako, zinabaki tano. Na usimguse bibi harusi mpaka bwana harusi aonekane. Umenielewa? Subiri mpaka niseme."

Sauti ilikatika.

Nukta alihisi ubaridi ukimpanda mgongoni, ingawa ilikuwa saa nane mchana na jua lilikuwa likichoma. *Subiri mpaka niseme.* Maneno yale yale. Sauti ile ile. Miaka tisa iliyopita, mitaa hii hii.

Majasusi wote wa idara walimwita mkuu wao Shangazi, kwa sababu hakuna adui anayeshtuka akisikia mtu akizungumza na shangazi yake habari za harusi. Bibi harusi wa leo alikuwa kopo la chuma, ukubwa wake kama kikombe cha chai, lililoibwa siku tatu nyuma kutoka kwenye mashine ya kutibu saratani. Ndani yake mlikuwa na unga wa mionzi. Unga huo ukimwagwa kwenye maji ya kunywa, watu wangeanza kutapika damu, na madaktari wasingejua wanatibu nini. Bwana harusi alikuwa mnunuzi. Alikuwa amekuja kutoka nchi za nje, na sura yake haikuwa kwenye faili lolote.

Aonekane leo, au asionekane tena.

Saa ya Casio mkononi mwa Nukta ilikuwa na kipima mionzi kilichopachikwa na mafundi wa idara. Ilitakiwa itetemeke. Ilikuwa kimya. Basi kopo limo ndani ya boksi la risasi, yale madini mazito yasiyopitisha mionzi. Teknolojia yote ile, na sasa alikuwa amebaki na macho yake mawili tu, kama babu yake.

Mbele yake riksho tano za pedali zilikuwa zikipanda kwa mstari katika uchochoro wa mawe, kila moja na mtalii mmoja chini ya turubai. Yeye alikuwa wa mwisho. Alivaa shati la maua na kamera ya Nikon shingoni. Chini ya shati, bastola ya Walther.

"Bwana, mbona hupigi picha?" aliuliza mwendesha riksho wake.

Alikuwa mzee wa miaka sabini, mwembamba, mwenye mashavu ya miguu magumu kama mizizi. Wenzake walimwita Mzee Breki.

"Nitapiga, mzee. Kwa nini wanakuita Breki?"

"Kwa sababu sinazo." Mzee alicheka peke yake. "Usiogope. Ninazo, ila sizipendi."

Mji mkongwe ulikuwa umefunga macho. Madirisha ya mbao yalikuwa yamefungwa kukwepa jua. Rangi ilibanduka kutani kama ngozi ya mgonjwa. Saa ya mnara ilikuwa imesimama saa tatu kasorobo, na hakuna aliyekumbuka ya asubuhi au ya usiku. Hapakuwa na mtu njiani. Sauti pekee ilikuwa ya minyororo ya riksho.

Na Kiraka alikuwa kila mahali.

Pale mlangoni, akijifunga kamba ya kiatu. Pale barazani, akinywa maji. Nukta alikuwa akigeuza macho, na kila alipoyageuza yalimkuta tena. Kiraka alikuwa mwenzake kazini na rafiki yake wa pekee. Kwa miezi minane alijifanya mwendesha riksho katika mitaa hii, akivaa suruali yenye viraka, akiwafuatilia wasafirisha silaha. Aliuawa hapa, miaka tisa iliyopita. Tangu siku hiyo Nukta alikuwa amekubali kazi za jangwani, za misituni na za melini. Hapa hakukanyaga.

"Sasa tulia, bwana," Mzee Breki alisema, akipunguza mwendo. "Tunafika Kona ya Kisima. Hii ndiyo kona mbaya kuliko zote. Huoni anayekuja, yeye hakuoni. Ndiyo maana tuna kengele. Kila mmoja wetu ana mlio wake, kama sauti ya mtu. Ukipiga, aliye upande wa pili anajibu kwa kuugeuza mlio wako. Asiyejibiwa haendi mbele."

"Na wa kwako ukoje?"

"Hapa sipigi wa kwangu. Hapa tunapiga wa marehemu."

Kabla Nukta hajauliza, riksho ya kwanza ilifika konani.

Kri-kri, kriiing.

Mbili fupi, moja ndefu.

Mlio ule alikuwa ameutunga yeye na Kiraka, juu ya meza ya chai, kwa kugongesha vijiko.

"Palikuwa na kijana wetu," mzee aliendelea, macho mbele. "Nilimfundisha mimi kuendesha. Tulimwita Kiraka. Walimmaliza hapa na kumtupa kisimani. Basi tukakubaliana, mwendesha riksho akipita kona hii apige mlio wake, asisahaulike."

Riksho ya pili. Kri-kri, kriiing.

Riksho ya tatu ilipita.

Kimya.

Ya nne. Kri-kri, kriiing. Ya tano vilevile.

"Yule wa tatu hakupiga," Nukta alisema.

"Nani, Mpole? Huyo hapigi. Miaka tisa hajapiga hata mara moja. Kengele yake imeota kutu. Walikuwa marafiki sana, bwana, chanda na pete. Nadhani inamuuma mno."

Mzee alipiga mlio wa Kiraka, taratibu, kama anayebisha hodi kwenye chumba cha mgonjwa.

Nukta alitazama mgongo mpana wa Mpole ukipotea mbele. Hakuhitaji kipima mionzi. Yeye mwenyewe alikuwa hajalitaja jina la Kiraka kwa miaka tisa. Alijua vizuri jinsi mtu anavyonyamaza kwa uchungu, na jinsi anavyonyamaza kwa hatia. Vinafanana kwa mbali. Kwa karibu havifanani hata kidogo.

"Mzee, abiria wa Mpole ni mtu mzito?"

"Yule mama wa kofia pana? Mwembamba kama ufito!" Mzee alinyoosha shingo, akakunja uso. "Lakini ajabu. Tazama matairi yake ya nyuma yalivyolala. Utadhani kapakia mashine ya kusaga."

Bibi harusi amepatikana.

"Shangazi," Nukta alinong'ona. "Riksho ya tatu."

"Vizuri. Subiri."

Msafara ulisimama mbele ya jengo la mahakama ya zamani, ambalo sasa lilikaliwa na popo tu. Watalii walishuka kupiga picha. Riksho ya tatu haikusimama. Ilizunguka nyuma ya jengo, ikarudi kimyakimya kuelekea kisimani.

Nukta alishuka. "Nisubiri hapa, mzee. Usiondoke."

"Bwana." Mzee Breki alikuwa amemshika mkono. Macho yake hayakuwa tena ya mzee mcheshi. "Watalii hawaniulizi habari za matairi. Unamfuata Mpole kwa nini?"

Nukta alisita. Angeweza kudanganya. Ndiyo kazi aliyosomea.

"Kuna mtu aliwaambia wauaji kwamba Kiraka alikuwa mpelelezi," alisema. "Nadhani nimempata."

Mzee aliuachia mkono.

Nukta aliingia ndani ya mahakama. Alipita ukumbi mtupu na kizimba kilichooza, mpaka kwenye mlango wa nyuma wa chuma unaotazama kisima. Aliufahamu. Aliufahamu mpaka misumari yake. Hapa ndipo alipojibanza siku ile, hatua thelathini kutoka kisimani, akisikia kengele ya Kiraka ikilia upande wa pili. Mara ya kwanza. Mara ya pili. Mara ya tatu. Na sauti sikioni: subiri mpaka niseme.

Alisubiri. Shangazi aliposema, kengele ilikuwa imenyamaza.

Alichungulia ufa wa mlango. Mpole alikuwa amesimamisha riksho kando ya kisima. Mama wa kofia pana alikuwa ameketi, mkoba wa kamera mapajani, akitazama saa.

"Nawaona. Niwavamie?"

"Hapana. Bwana harusi yuko umbali wa dakika nne. Subiri mpaka niseme."

Ndipo aliposikia mnyororo.

Mzee Breki alikuwa akija. Polepole, amekaa wima juu ya tandiko, mpaka akasimama hatua kumi mbele ya Mpole.

"Mpole," alisema. "Piga kengele."

"Mzee, ondoka hapa. Nina abiria."

"Namwona. Piga mara moja tu, niende zangu. Piga kwa ajili ya mwenzio."

"Nimesema ondoka!"

"Miaka tisa nilidhani unalia moyoni, kumbe!"

Bastola ilitokea mkononi mwa Mpole. "Walisema watamtisha tu," alisema, karibu kwa kulia. "Walisema watamtisha tu, mzee. Mimi ningejuaje?"

"Mmalize," mama alisema bila kuinua sauti. "Tunachelewa."

Mzee hakukimbia. Aliweka kidole gumba kwenye kengele yake.

Kri-kri, kriiing.

Nyuma ya mlango wa chuma, Nukta alishika komeo.

"Nukta," Shangazi alisema sikioni. "Najua unachosikia. Dakika tatu. Subiri."

Kri-kri, kriiing.

"Nukta!"

Nukta alichomoa kidude sikioni, akakidondosha sakafuni, akakikanyaga.

Kisha akagonga mlango kwa kitako cha Walther. Mara moja kwa nguvu, chuma kikavuma. Halafu mara mbili, harakaharaka.

Moja ndefu, mbili fupi. Jibu.

Mpole aligeuka kama aliyeitwa na marehemu. Uso wake ulikuwa umesawijika. Aliufyatulia mlango risasi mbili, lakini mlango ulikuwa umefunguka tayari na Nukta alikuwa chini, akibiringika juu ya mawe. Risasi moja ya Walther ilimpata Mpole kwenye kiwiko. Bastola yake iliruka, ikaingia kisimani. Ilichukua muda mrefu kufika majini.

"Simama hapo!" mama alipiga kelele.

Alikuwa ameshuka. Boksi la kijivu, lililotoka kwenye mkoba wa kamera, lilikuwa mikononi mwake, juu ya mdomo wa kisima. Mikono ilikuwa ikilemewa.

"Bomba la mji linavuta maji kutoka hapa," alisema. "Tupa silaha, au nafungua."

Nukta aliweka bastola chini. Taratibu. Alikuwa mbali mno.

"Mama," Mzee Breki aliita kwa upole. "Samahani, hapa ni mteremko."

Akaachia breki.

Riksho ilishuka kwa hatua kumi kama ng'ombe aliyekata kamba. Mzee aliruka pembeni. Usukani ulimpiga mama kiunoni, ukamsukuma mbali na kisima, na vyote vitatu, mama, riksho na boksi, vikaanguka juu ya mawe kwa kishindo.

Boksi lilibiringika. Likagonga kiatu cha Nukta. Likatulia.

Halikufunguka.

Nukta alitazama Casio yake. Kimya. Kwa mara ya kwanza siku hiyo aliupenda ukimya ule.

Zilikuwa zimebaki dakika mbili. Yeye na mzee waliwaburuta mama na Mpole hadi nyuma ya mlango wa chuma, wakaisogeza riksho iliyoanguka isionekane.

Mwanamume mrefu mwenye suti ya kitani alipoingia uchochoroni, alikuta riksho ya tatu imesimama kando ya kisima, turubai limeshushwa, na chini yake kofia pana imeinama. Alitabasamu. Aliinamisha kichwa ndani.

"Umeniletea zawadi yangu?"

Mdomo wa Walther ulimgusa puani.

"Nimeleta," Nukta alisema, akivua kofia. "Shangazi anakusalimu."

Baada ya robo saa uchochoro ulikuwa umejaa watu wa idara. Boksi lilipakiwa kwenye gari la chuma. Bwana harusi alipakiwa kwenye jingine, mama na Mpole kwenye la tatu. Riksho nyingine zilirudishwa zote hadi lango la mji mkongwe, na njia zikafungwa.

Mzee Breki alikuwa ameketi ukingoni mwa kisima. Riksho yake ilikuwa imepinda. Kengele yake ilikuwa chini, imepondeka kama ganda la yai.

"Mlio ule una jibu lake," alisema bila kuinua kichwa. "Umelijuaje?"

"Niliutunga pamoja naye." Nukta aliuonyesha mlango wa chuma. "Siku ile nilikuwa nyuma ya mlango huu, mzee. Alinipigia mimi. Mara tatu. Sikumjibu."

Mzee aliinua kichwa.

"Miaka tisa nimekuwa nikimtafuta mtu huyo nimtukane," alisema hatimaye. "Nilikuwa na matusi yangu, nimeyapanga vizuri, moja baada ya jingine."

"Nitukane, mzee."

Mzee alifungua mdomo. Akaufunga. Akajifuta uso kwa kiganja.

"Nimeyasahau. Nenda zako kabla sijayakumbuka."

Nukta aliinama mbele yake kama mtoto mbele ya mzazi. Kisha alikwenda kwenye riksho ya Mpole, akafungua skrubu moja, akatia kitu mfukoni. Alivaa miwani yake ya jua, akaanza kutembea kuelekea langoni. Hakuwa na haraka.

Alikuwa ameivuka kona aliposikia.

Kri-kri, kriiing.

Mlio ulitoka kisimani.

Nukta alisimama. Kengele ya mzee ilikuwa imepondeka. Riksho nyingine zote zilikuwa langoni, mbali, na kengele ya Mpole ilikuwa mfukoni mwake.

Hakugeuka.

Aliitoa ile kengele yenye kutu. Ilikataa. Aliisukuma kwa kidole gumba mpaka kutu ikamwagika mkononi kama unga mwekundu, na baada ya miaka tisa ikalia, moja ndefu, mbili fupi.

Alingoja kidogo. Hapakuwa na sauti tena, ila popo wakijigeuza kwenye dari ya mahakama.

Akairudisha kengele mfukoni, akaendelea na safari yake.