Jina la Baba Mkwe

Walikutana mjini Durban, kwenye foleni ya chakula cha mchana, watu wamebanana. Thandazile, gauni la njano, alinyoosha mkono kuchukua mkate wa mwisho uliojazwa mchuzi wa maharage. Mwanaume mwenye shati lililonyooshwa vizuri akamuwahi.

"Huo ulikuwa wangu, kaka."

"Tugawane basi, mrembo. Mimi nashiba kwa kutazama."

Mwenyewe aliitwa Lindelani. Na Thandazile, msomi mzima, kazi yake chuo kikuu kupima maneno yanavyopita ubongoni mwa mtu, akalewa maneno. Mapenzi hayana shule, bwana.

"Kweli huna mke?" alimuuliza siku moja kwenye simu.

"Mke nimtoe wapi, nami nilikuwa nakungoja wewe?"

Washenga wakapangiwa Jumamosi. Thandazile akaanza kulikwepa jina la baba yake Lindelani, kama mke wa Kizulu anavyomheshimu baba mkwe. Mama yake alicheka: "Ng'ombe hata mmoja hajafika, wewe ushaanza heshima?"

Heshima hiyo hiyo ndiyo aliyokuwa akiichunguza kazini. Wake za watu walivaa kofia yenye nyaya, wakapakwa mafuta mazito kichwani, wakasikilizishwa majina. Likitajwa la baba mkwe, ubongo ulishtuka, na mstari ukaruka kwenye kioo cha kompyuta.

Alhamisi akaja Nokukhanya kutoka Eshowe, kitambaa kichwani, shali mabegani, kasindikizwa na wifi yake. Jina la baba mkwe, mke mwenyewe hawezi kulitaja, kwa hiyo Thandazile akamgeukia wifi.

"Mandlakayise Khuzwayo," wifi akajibu. "Ndiye baba yetu. Mumewe ni kaka yangu Lindelani. Yuko huku huku mjini, ila kumwona ni bahati yako."

Jina lile lile alilokuwa akilikwepa Thandazile. Lindelani wake, mtoto wa Mandlakayise Khuzwayo wa Eshowe. Alitamani kuzima mashine awafukuze wote wawili. Lakini mama wa watu kamkosea nini? Akaendelea na kazi, na jina lilipotajwa mstari ukaruka juu. Huyu alikuwa mke wa ndoa, hakuna ubishi.

Kazi ilipoisha akampeleka kwenye sinki amwoshe yale mafuta, kama anavyowaosha wote.

"Maji si ya moto?"

"Mazuri, dada. Tangu niolewe hakuna aliyeniosha nywele."

Thandazile aliuma mdomo asilie. Alimchukia Lindelani kuliko alivyowahi kumpenda. Simu ikaita.

"Mke wangu," Lindelani alisema kwa ile sauti yake laini, "wazee wanauliza, Jumamosi waje saa ngapi?"

"Mkeo namwosha nywele hapa. Nokukhanya."

"Thandazile, mpenzi, nisikilize kwanza. Yule ni wazee walinioza..."

"Mimi uliniambia huna. Mwambie na yeye."

Nokukhanya aliinua kichwa, maji yanamchuruzika shingoni. "Nani huyo, dada?"

"Mumeo," Thandazile alisema, akampa taulo na simu.