Kaniki ya Monika

Saa moja na dakika ishirini asubuhi, Monika Malimi alirudi kutoka kuoga, akafungua kufuli na kukuta kaniki yake haipo ukutani. Saa mbili, Koplo Nyanjige wa kituo cha Bariadi alikuwa ndani ya chumba hicho cha gesti, akiandika.

Mlango haukuvunjwa. Dirisha lilikuwa wazi, lina nondo. Simu na pochi vilikuwa hapo hapo dirishani, mkono ungevifikia. Havikuguswa. Kaniki ilikuwa imetundikwa kwenye ukuta wa mbali.

"Kaniki si zimejaa sokoni?" aliuliza Koplo.

"Hii nimeivaa vipindi sita, afande. Kamera inaijua kila kiraka."

Monika ameigiza miaka ishirini na miwili. Mkwe mkorofi, muuza pombe, maiti, na mara nyingi mchawi. Hii ndiyo mara ya kwanza mhusika wake kuvuka vipindi viwili. Mwongozaji wa tamthilia alishasema kwamba kaniki isipopatikana hadi saa nne, mchawi atakufa bila kuonekana, na maneno yake atapewa Joyness, mwigizaji chipukizi anayetunza mavazi.

Barazani alikaa Bujiku, mdogo wake Monika, aliyeleta maziwa kutoka Shishiyu alfajiri. Alikuwa anafuta jicho la kulia, limevimba. Moshi wa jikoni, alisema.

Joyness hakuficha kwamba anayataka maneno hayo.

"Lakini nguo ile naikunja mimi kila siku. Jana nimempa mwenyewe ashone kiraka. Ningetaka kuificha, ningempa?"

Koplo akarudi dirishani. Kwenye nondo palikuwa na matone meupe yanayonata, utomvu wa mnyaa, ule unaochoma ukirukia jicho. Ua wa gesti ni minyaa mitupu. Mtu alikata fimbo mbichi, akaipitisha juu ya simu na kuivuta kaniki. Waigizaji wanaishika kaniki hiyo kila siku, hawaiogopi; aliyeacha simu akaichukua yenyewe tu ni mtu anayeiogopa. Na moshi hauvimbishi jicho moja.

Akatoka hadi barazani. "Iko wapi, Bujiku?"

"Nimeichoma."

Akaeleza taratibu. Wakwe watarajiwa wa binti yake, Milembe, walikuwa walete ng'ombe wa mahari Jumamosi. Juzi wameona kipindi kwa jirani, wakatuma mtu kusema hawaoi kwenye nyumba ya mchawi.

"Ni maigizo, Bujiku," alisema Monika.

"Mimi najua, dada. Wao hawajui."

"Kama unajua," Koplo akauliza, "mbona umeichoma badala ya kuificha tu?"

Bujiku akajisogeza mbali kidogo na dada yake.

Koplo alikuwa na mwizi, sababu na ushahidi, na hakuna hata kimoja ambacho kingemsaidia mlalamikaji. Akauliza kama afungue jalada.

"Ukimfunga, huyo Milembe ataolewa na nani?" alisema Monika.

Saa nne na dakika tano Joyness aliingia na karatasi, akaomba kwa aibu aelekezwe namna ya kulaani. Monika akaweka sauti sawa, akanyoosha kidole, akamwonyesha.

Bujiku aliondoka barazani, akaenda kusimama mbali, ng'ambo ya barabara.